Uzi: Pudini ya mahindi mabichi ya kuoka, kwa mahindi yetu ya shamba

Nyar_Kano (Kisumu)

Hamjambo wapishi. Msimu ndio huu, sokoni Kibuye mahindi mabichi yamerundikwa hadi njiani, na hapa kwangu watu wamechoka na nyoyo (mahindi na maharagwe) na ya kuchemsha. Nataka kuoka ile pudini ya mahindi ambayo Wamarekani huila pamoja na nyama, hasa kwenye sikukuu yao ya Novemba. Binamu yangu anayeishi huko amenitumia maelezo, lakini kila kitu ni cha kopo na pakiti: kopo la punje nzima, kopo la mahindi ya krimu, pakiti ya unga uliochanganywa tayari, krimu chachu. Mimi nina mahindi ya shamba, mayai, maziwa na oveni ya gesi. Nianzie wapi? Wageni ni Jumapili, kwa hivyo utani uje baada ya vipimo.

Bahati_Jikoni (Nakuru)

Dada, hayo ya binamu yaweke kando. Kabla ya makopo, watu wa Virginia na Kentucky waliipika kwa mahindi yaliyotoka shambani siku hiyo, mayai, maziwa na siagi, basi. Na wao nao walijifunza mahindi kwa wenyeji wa asili wa bara lile. Kwa hivyo wewe wa Kibuye uko karibu na pudini yenyewe kuliko huyo binamu mwenye makopo.

Ila kuna jambo moja ambalo ndilo litakaloamua Jumapili yako. Wao hutumia mahindi matamu, mbegu ambayo punje zake hubaki na sukari nyingi na wanga kidogo. Yetu, iwe mbegu ya 614 ya Kitale au Duma 43 mnayopanda huko chini, yalizalishwa kwa ajili ya ugali. Wanga umejaa tele hata yakiwa mabichi. Maana yake ni kwamba unga wa kushikanisha tayari umo ndani ya punje. Mapishi yao mengi yanataka vijiko viwili au vitatu vya unga wa ngano. Usitie hata kimoja. Ukitia unga juu ya mahindi ya 614, wageni utawakatia kwa panga.

Kwa chombo cha lita mbili, watu sita hadi wanane, mimi natumia:

Mahindi mabichi makubwa 8, ambayo yakikwanguliwa hutoa rojo la vikombe 3 hivi. Mayai 4 ya gredi, au 5 ya kienyeji kwa sababu ni madogo. Maziwa vikombe 2. Siagi vijiko 4 vikubwa. Chumvi kijiko kimoja cha chai. Sukari kijiko kimoja kikubwa. Pilipili manga, na kungumanga ya kukwaruza ukiipata.

Pasha maziwa yawe vuguvugu, yeyushia siagi humo. Piga mayai kando taratibu, hutaki povu. Changanya yote na rojo la mahindi, mimina kwenye chombo ulichokipaka siagi, kisha kiweke chombo hicho ndani ya treyi kubwa yenye maji moto yanayofika nusu ya kimo chake. Oveni nyuzi 170, kama saa moja. Itoe pembeni pakiwa pameshika na katikati bado panatikisika kidogo. Iache itulie dakika kumi na tano kabla ya kuigusa.

Jinsi ya kuyatoa mahindi kwenye gunzi ni hadithi nyingine. Nitarudi, kuna mtu mlangoni.

Mkulima_TransNzoia

Kabla hajarudi, mimi niseme la shambani. Mapishi yote haya yanaharibikia sokoni. Hindi la pudini si lile la kuchoma. Wale wachomaji wa barabarani, Salgaa na Burnt Forest, wanataka hindi lililoanza kukaza ili lisinyauke motoni. Ukinunua kama hilo utapata pudini ya chenga.

Chagua hindi ambalo nywele zake zimekuwa kahawia na kukauka nchani lakini bado zina unyevu zinapoingia ndani ya maganda. Maganda yawe ya kijani kibichi. Muombe mama akufungulie kidogo, bonyeza punje kwa ukucha: ikiruka maji meupe ya maziwa, nunua. Ikitoa maji maangavu, bado changa, haina kitu. Ikitoa ute mzito au ukucha ukateleza, hilo peleka kwa githeri. Kutoka maziwa hadi ute mzito ni kama wiki moja tu, na kwenye joto la Kisumu hata pungufu. Huku juu kwetu baridi inatupa muda zaidi.

Ukimkuta kiwavi nchani usitupe hindi. Kata ile ncha, mengine ni mazima.

Nyar_Kano (Kisumu)

Asante sana mkulima. Na je, nikinunua Ijumaa jioni nikapika Jumapili?

Mkulima_TransNzoia

Usifanye hivyo. Hindi likishavunjwa linaendelea kugeuza sukari yake kuwa wanga, na joto ndilo linaloliharakisha. La asubuhi na la jioni ya siku hiyo hiyo si sawa. Nunua Jumapili asubuhi na mapema, tena yakiwa na maganda yake. Kama huna budi kununua mapema, yaweke kwenye friji bila kuyamenya. Au yachemshe dakika nne tano, yatie kwenye maji baridi, kisha friji. Kule kuchemsha kunasimamisha hayo mageuzi.

Mulembe_Kitchen (Kakamega)

Swali langu ni moja. Sukari ya nini? Mahindi, maziwa na mayai, halafu kuku wa kienyeji kando, na wewe unatia sukari kama chai. Kukhu, yaani bibi, akikuona atakuuliza kama kuna mgonjwa nyumbani.

Bahati_Jikoni (Nakuru)

Kijiko kimoja kwa watu wanane, ndugu yangu. Hutaisikia sukari, utaisikia ladha ya hindi. Inarudisha kile ambacho mbegu yetu haina. Lakini ukipata mahindi yaliyovunjwa saa hiyo, iache. Nakubaliana nawe kwamba wale wanaotia nusu kikombe wanapika keki.

Sasa mahindi kwenye gunzi. Ngozi ya punje za mahindi yetu ni nene, na ndiyo inayowafanya watu waseme pudini ina makapi. Dawa yake ni ya zamani na haihitaji stima. Simamisha hindi kwenye sinia pana. Kwa ncha ya kisu kikali, pasua kila mstari wa punje katikati, kutoka juu hadi chini, bila kukata punje zenyewe zianguke. Ukimaliza mzunguko wote, geuza kisu, tumia mgongo wake, kandamiza na kukwangua kushuka chini. Maziwa na kiini vinatoka, ngozi zinabaki zimeng'ang'ania gunzi. Utafikiri ni kazi ya kutwa, lakini mkono ukizoea hindi moja halimalizi dakika mbili. Fanya kazi hiyo juu ya sinia lenye ukingo, maana yanaruka hadi kwenye miwani.

Ukitaka punje za kutafuna, mahindi mawili kati ya manane yakate punje nzima, uzichanganye humo. Mimi nazitaka. Mume wangu hazitaki.

Hosteli_Njoro

Blenda je? Hapa tuna blenda ya kuazima, kisu chetu hakikati hata mkate.

Bahati_Jikoni (Nakuru)

Blenda inafaa, lakini inasaga na ngozi. Kata punje, saga pamoja na yale maziwa ya mapishi, kisha chuja kwa chujio la matundu makubwa, si lile la chai. Chujio la chai litakunyima na wanga, na wanga ndio unaoshikilia kila kitu. Usisahau kukwangua magunzi baada ya kukata. Utamu mwingi hubaki pale kwenye vishimo. Hata greta ya karoti inafanya kazi, upande wa matundu makubwa, mradi uangalie vidole.

Eldy_Mama (Eldoret)

Mimi niliioka mwezi jana kwa maelezo ya mtandaoni na ikatoka na vidonge vidonge kama mayai ya kukoroga, na maji yamejaa chini. Nilitumia nyuzi 200 bila treyi ya maji. Shida ni mahindi ama ni moto?

Bahati_Jikoni (Nakuru)

Ni moto. Mayai yaliyochanganywa na maziwa hushika vizuri yakifika nyuzi 80 na kidogo. Yakipita hapo sana, protini inajikunja na kukamua maji yake, ndiyo hayo uliyoyakuta chini. Treyi ya maji ni ya kuzuia hilo, kwa sababu chombo kilichokaa majini pande zake haziwezi kuwa moto kuliko maji.

Na hapa sisi wa juu tuna bahati. Nakuru tuko kwenye mita 1,850 hivi kutoka usawa wa bahari, maji yanachemka kwenye nyuzi 94. Kwenu Eldoret ni kama 93. Kisumu ni karibu 96. Pudini yetu inapikwa polepole zaidi na si rahisi ikatike. Gharama yake ni muda: maelezo ya watu wa pwani ya Marekani yakisema dakika 45, wewe hesabu saa moja na usogeze kiti. Usijaribu kufidia kwa kuongeza moto.

Wanga wa mahindi nao unasaidia. Unaanza kuvimba na kunata kwenye nyuzi 60 na kitu, kabla mayai hayajashika, kwa hivyo unayakinga. Ndiyo sababu pudini ya mahindi yetu inasamehe zaidi kuliko ile ya mahindi matamu. Tena kama mahindi yamekomaa kidogo kuliko ulivyotaka, ongeza nusu kikombe cha maziwa, utaona rojo likilegea.

Mulembe_Kitchen (Kakamega)

Haya yote ni mazuri lakini mnaongea na watu wenye oveni. Huku wengi wetu tuna jiko la makaa na sufuria. Ama pudini ni ya wenye tailizi jikoni peke yao?

MtotoWaLamu (Nakuru mjini)

Nilikuwa nasubiri mtu aulize. Sisi watu wa pwani tumepika mkate wa kumimina na mkate wa mayai miaka yote bila oveni, kwa kupalia makaa. Pudini hii inakubali vizuri.

Chukua sufuria kubwa nzito, mwaga mchanga mkavu au kokoto chini, unene wa vidole viwili. Iweke kwenye jiko ipate moto kama dakika kumi. Pudini iwe kwenye sufuria ndogo isiyo na mikono, au bakuli la bati, na ikae juu ya huo mchanga. Funika ile kubwa kwa kifuniko bapa cha bati au sinia kuukuu. Sasa ndipo kazi ilipo: toa makaa mengi kutoka chini, yapange juu ya kifuniko. Chini yabaki machache, yale yaliyoanza kuvaa majivu. Theluthi moja chini, theluthi mbili juu. Watu wakiunguza, ni kwa sababu wameacha moto wote chini.

Usifunue kabla ya nusu saa. Ukifunua, inua kifuniko sawasawa, usikiinamishe, la sivyo majivu yote yatakuwa kitoweo. Chomeka kisu sentimita tatu kutoka ukingoni. Kikitoka kisafi na katikati pakitikisika, imeiva. Juu itakuwa na rangi ya dhahabu ambayo hiyo treyi yenu ya maji haitoi.

Mimi badala ya maziwa ya ng'ombe natia tui la nazi, na iliki. Nazi inapatikana hapa sokoni Wakulima, ingawa bei yake inanifanya nikumbuke kwetu.

Mulembe_Kitchen (Kakamega)

Sasa tunaongea lugha moja. Makaa ninayo. Ila iliki umeniacha nyuma, mzee wangu. Mimi nitatia vitunguu vya majani na dhania.

MtotoWaLamu (Nakuru mjini)

Tia. Vikaange kwanza kwa siagi vitoke maji, ndipo uchanganye. Na usizidishe nyanya, zitailowesha.

Hosteli_Njoro

Na sisi wa meko? Gesi ya kilo sita, sufuria moja, chumba kimoja.

Bahati_Jikoni (Nakuru)

Pika kwa mvuke, mwanangu. Mimina kwenye bakuli la chuma cha pua, funika kwa foili ikaze ili matone ya mvuke yasiingie, tandika kitambaa chini ya sufuria, weka bakuli, maji yafike nusu. Moto mdogo kabisa, maji yawe yanatetemeka tu, dakika 50 kwa nusu ya vipimo vile. Haitakuwa na rangi juu, lakini italainika kuliko ya oveni. Afrika Kusini wana mkate wao wa mahindi mabichi unaopikwa kwa mvuke hivyo hivyo, na Wabrazili hufunga rojo la namna hii kwenye maganda yenyewe ya hindi na kulichemsha. Oveni si sharti. Maziwa chukua kwenye ATM ya maziwa, ya shilingi hamsini yanakutosha.

Ukitaka rangi, ikishapoa geuzia kwenye kikaango chenye siagi, upande mmoja tu.

Kondele_Finest

Nyinyi watu wa Nakuru mnatia kila kitu maziwa. Hii kitu italiwa na ngege, samaki wetu, wa kukaanga ama?

Nyar_Kano (Kisumu)

Ngege wa mchuzi, kaka. Na osuga, mboga yetu ya mnavu, kando. Kwa nini isiwe?

Kondele_Finest

Sijakataa. Nauliza saa ngapi.

Mama_Bahati_Sokoni

Mimi nauza mahindi, niseme na wanunuzi. Msije saa nane mchana mkafungua hindi baada ya hindi mkayabonyeza yote kwa kucha halafu mkaondoka. Hindi lililobonyezwa linaingia weusi, nani atalinunua? Niambie tu unataka la maziwa. Nitakuchagulia kwa kushika, mimi nayajua bila kufungua. Linajaa mkononi lakini likibinywa nchani linabonyea. Na ukichukua ya mia mbili nakuongeza moja, hilo halihitaji kuombwa.

Mkulima_TransNzoia

Mama amesema kweli, mniwie radhi. Kwa mwenye shamba lake, bonyeza. Kwa sokoni, uliza.

Eldy_Mama (Eldoret)

Nimeirudia leo kwa treyi ya maji, nyuzi 170, bila unga. Hakuna maji chini. Ilichukua saa moja na robo lakini oveni yangu ni ya zamani na mlango haufungi vizuri. Stima nayo ilipotea katikati kama dakika ishirini, sikufungua mlango, ikaendelea kuiva kwa joto lililobaki. Watoto wameimaliza, baba yao amepata ya pembeni. Swali lililobaki: rangi yake ni nyeupe mno. Kwenye picha za Wamarekani ni ya manjano.

Bahati_Jikoni (Nakuru)

Hongera mama. Rangi ni ya mahindi yao, yana manjano kwenye punje. Mahindi yetu ni meupe kwa sababu ndivyo tunavyotaka ugali. Mayai ya kienyeji yenye kiini cha rangi yatakusogeza kidogo. Wengine hutia manjano ya unga ncha ya kijiko. Mimi sitii, inaleta ladha yake. Mtu akikuletea pudini nyeupe yenye harufu ya hindi bichi hutamuuliza habari ya rangi.

Nyar_Kano (Kisumu)

Mimi nitawahi Kibuye Jumapili saa kumi na mbili. Swali la mwisho kabla ya kuandaa: naweza kuchanganya kila kitu asubuhi, nikaoka saa sita baada ya kanisa?

Bahati_Jikoni (Nakuru)

Kwangua asubuhi, rojo liweke kwenye friji likiwa limefunikwa. Mayai na maziwa changanya ukirudi. Ukichanganya mapema wanga unazama chini, utapata tabaka gumu chini na custadi juu. Hata ukichanganya saa hiyo hiyo, koroga mara ya mwisho kabla tu ya kumimina, na oveni iwe imeshapata moto. Maji ya treyi yawe ya kuchemka tangu mwanzo, ukitia ya baridi ongeza dakika ishirini.

Hosteli_Njoro

Ikibaki inakaa siku ngapi?

MtotoWaLamu (Nakuru mjini)

Ina mayai na maziwa, kwa hivyo isilale nje, hata Njoro na baridi yenu. Kwenye friji siku mbili tatu. Ikishakaza ikate vipande, vikaange kwa siagi, unywe na chai ya maziwa asubuhi. Mimi huoka kubwa makusudi kwa ajili hiyo.

Mulembe_Kitchen (Kakamega)

Makaa yamewaka, vitunguu viko kwenye siagi. Mzee wa Lamu, hiyo sinia ya juu ikianza kupinda kwa moto nifanyeje?

MtotoWaLamu (Nakuru mjini)

Punguza makaa ya katikati, yapange ukingoni kwa duara. Ikiendelea kupinda weka jiwe.